Tepu ya Mzee Stambuli

Asubuhi hiyo Bi Sahla alikuwa amekaa kwenye ngazi ya saruji nje ya afisi ya ziara mjini Malindi, mkoba wa ukili magotini, akingoja gari la kwenda Mlima wa Moto wa Vumbini. Mkobani mlikuwa na chupa ya maji ya kisima cha nyumbani, msahafu mdogo uliofungwa kwa leso, na makubadhi ya mumewe. Mumewe, Mzee Stambuli, alikuwa maiti, na habari zilizoletwa mjini zilisema kwamba amesimama pekupeku juu ya mawe ya moto, kwenye pembe ya shamba lake mwenyewe, na hataki kutoka.

Bi Sahla alikuwa akienda kumtoa. Hakuwa na shughuli nyingine huko.

Alikaa, akainuka, akatazama barabara, akakaa tena. Tangu apate habari hizo alikuwa hatulii mahali. Nyumbani alitia maji ya chai akayasahau mpaka birika likalia kavu. Alisimama kwenye sala akajikuta anasoma sura ileile mara ya pili. Hata usingizi ulimjia kwa kuibia, ukaondoka vilevile.

"Mama, ukizunguka hivyo utafika Vumbini kabla ya gari," alisema Kambi, dereva, huku akipangusa kioo.

"Gari lako likiondoka mapema sitazunguka," Bi Sahla akamjibu.

Akatoka Amjad, kiongozi wa ziara, fulana ya kampuni imepigwa pasi vizuri. Amjad alikuwa mtoto wa mtaa wao. Alisoma chuo kimoja cha Kurani na Ilham, binti yake Bi Sahla, na aliwahi kuanguka kutoka kwenye mpera wa uani kwake.

"Shikamoo, Bi Sahla."

"Marahaba, mwanangu. Mama yako hajambo?"

"Hajambo, akusalimu." Amjad aliinama kama mwenye kufunga kamba ya kiatu, na kiatu chake hakikuwa na kamba. "Bi Sahla, nakuomba kitu. Leo weye ni mgeni kama wageni wengine. Ukifika kule usinitie mashakani."

"Mgeni wa shamba langu."

"Ndiyo. Hivyo hivyo."

Hakukuwa na njia nyingine ya kuingia. Kampuni ilikuwa imezungusha ua, na langoni hakupita mtu ila mwenye ziara. Ilham, aliyekuwa akifanya kazi ya mapokezi katika hoteli moja ya Bofa, ndiye aliyemwekea mamake nafasi. Bi Sahla naye hakwenda vivi hivi. Alimwendea kwanza Maalim Uweis, akamuuliza kama inafaa mwanamke aliyekwisha toka eda kwenda matembezini na wanaume wasio maharimu wake kumtazama mume aliyekufa. Maalim alifikiri kitambo, akasema kwamba safari ni ya mchana, na ziara ina wanawake wengine, na mume ni mume. Asijitie manukato tu.

Kundi lilikuwa dogo. Kulikuwa na Mtaliano na mkewe, watu wazima walioishi Malindi miaka mingi na waliojua Kiswahili cha sokoni. Kulikuwa na mzee mmoja wa bara, Bwana Hesbon, aliyestaafu, na binti yake Lynn, aliyemleta babake pwani kupumzika. Lynn alikuwa msichana mchangamfu. Gari halijafika hata njia ya Kakuyuni, alikuwa amekwisha gawa ndizi kwa kila mtu.

"Baba alikuwa mpima ardhi," alimwambia Bi Sahla. "Kenya hii yote anaijua kwa miguu."

Bi Sahla aligeuza shingo polepole akamtazama Bwana Hesbon, akaanzia kofia, akaishia viatu.

"Huku kwetu umewahi kufika, bwana?"

"Pwani? Sana," alisema Bwana Hesbon. "Nimekuja kula samaki."

Bi Sahla akarudisha uso mbele. Wapima ni wengi, alijiambia. Akaushika mkoba vizuri, kisha akauachia, kisha akaushika tena.

Shamba la Vumbini lilikuwa la kina Stambuli tangu kwa mababu. Lilikuwa na minazi, mikorosho, mihogo, na makaburi ya wazee wake chini ya mkwaju. Wapima walipokuja, hakuna aliyewaita. Lakini mgeni akishaingia uani mwako, humuulizi alikotoka kabla hajanywa maji. Mzee Stambuli aliwaangushia madafu, akamkamata jogoo, akamwambia mkewe ateleke wali wa nazi. Kisha, kwa kuwa si adabu mgeni afanye kazi na mwenyeji amekaa, akaenda nao kuwaonyesha mipaka, akawatajia kila mti na kila jiwe, na pale penye miba akawafyekea. Kwenye pembe ya mkwaju mpima mkubwa akampa ncha ya tepu mkononi.

"Mzee, nishikie hapa," alimwambia. "Naja sasa hivi."

Akaondoka na kigurudumu cha tepu, akiifungua huku anakwenda, akapotea kwenye mikorosho. Hakurudi kula, wala hakurudi kuaga.

Mzee Stambuli alishika. Kitu alichokupa mtu akakwambia naja ni amana, na amana huirudishi ila kwa mwenyewe. Usiku ukaingia, naye yuko palepale. Bi Sahla akampelekea chakula, akala kwa mkono wa kulia, tepu iko mkono wa kushoto. Alisali hapo na akalala hapo, ameegemea mkwaju.

"Si uifunge mtini, Baba Ilham," mkewe alimwambia.

"Hakuniambia nifunge. Aliniambia nishike."

"Huyo haji."

"Amesema yuwaja. Nimfanye mwongo, mimi ndiye niliyemkaribisha?"

Mvua ilimkuta pale. Akapatwa na kifua, akafa, tepu i mkononi. Waoshaji wakajaribu kuvifungua vidole wasiweze, na sheikh akasema wamwache, wasimuumize. Kabla ya sala ya maiti, Mansur, nduguye marehemu, alisimama mbele ya jamaa kama ilivyo ada, akasema anayemdai marehemu ajitokeze kwa warithi wake, na mwenye tepu pia ajitokeze aichukue. Watu wakatazamana. Akazikwa palepale pembeni kwa sababu tepu haikuwa ya kuhamishwa, na ncha yake ikatokeza juu ya udongo kama chipukizi la muhogo.

Baadaye kampuni ikaja na nguzo na seng'enge. Bi Sahla alikwenda afisini kulalamika. Karani aliyempokea alikuwa mpole, hata kiti alimpa.

"Mama, shamba lilipimwa, na mwenyewe ndiye aliyeshika tepu. Alishika, au hakushika?"

"Alishika."

"Basi, mama. Mtu hashiki tepu ya shamba asilotaka lipimwe."

Bi Sahla alirudi nyumbani akitafuta jibu la maneno hayo, na mpaka siku hiyo ya ziara alikuwa hajalipata.

Moshi ulianza kutoka katikati ya shamba wakati wa kaskazi. Majirani walidhani ni tanuri la chokaa. Walimsingizia Ngumbao, mwenye shamba la kupakana, kwamba amewasha tanuri bila kumwambia mtu, na moshi unaharibu nguo zilizoanikwa, wakamnunia Ijumaa mbili. Ngumbao aliapa hana mawe wala kuni. Kisha ardhi ikafura, ikapanda, ikapasuka juu, ikamwaga moto mzito kama uji wa wimbi, na watu wakamwendea Ngumbao wakamtaka radhi. Moto uliteremka mpaka ulipofika kwenye mstari wa tepu, na hapo ukasimama kama ng'ombe aliyefika zizini. Hata tarakimu za tepu hazikuungua. Kampuni, iliyokuwa imekusudia kujenga majumba, ikabadili nia ikaweka ziara.

Waliokuwa wamelala makaburini chini ya mkwaju waliona joto limezidi, wakatoka. Babake Stambuli alitangulia, akifuatwa na mashangazi na watoto wadogo, wakapita chini ya seng'enge wakaenda kwa Ngumbao kumwomba mahali. Ngumbao akawaonyesha chini ya mikorosho, penye ubaridi. Wakalala. Alibaki Stambuli peke yake. Yeye alitoka kaburini kama wenziwe, lakini pembe hakuiacha.

Ngumbao ndiye aliyeleta habari mjini, siku alipokwenda kuuza korosho. "Mama Ilham," alisema, "wazee wako kwangu, hawana neno. Lakini mumeo amesimama. Nyayo zake zinaniuma mimi."

Langoni pa Vumbini askari aliwahesabu wageni kwa kidole, akawapa kofia za kivuli. Bi Sahla akaivaa yake juu ya mtandio. Amjad akaanza maneno yake, na sauti yake ikawa nyingine, ya kazi.

"Karibuni Vumbini. Tutakwenda pamoja, hakuna kutoka njiani. Tunapoanzia ni uwanja wa mawe meusi."

Uwanja huo ulikuwa shamba la mihogo. Sasa ulikuwa mawe matupu, meusi, yaliyojikunja kama mashuka yaliyokamuliwa. Mtaliano aliinama akaokota kijiwe, akakipima kiganjani.

"Hii moto mzuri," alimwambia Bi Sahla kwa upole. "Lakini kwetu iko kubwa zaidi. Kwetu inakula kijiji na kanisa."

"Mungu awaondolee," akasema Bi Sahla.

"Asante, mama."

Kutoka hapo wakaenda kwenye shimo la maji yanayochemka, palipokuwa kisima. Amjad akatia mayai kwenye kikapu cha waya, akayatumbukiza, na kila mtu akapewa yai lake na chumvi kidogo katika karatasi. Lynn akasema hajapata kula yai tamu namna ile. Bi Sahla alilishika lake mkononi bila kulimenya. Alikuwa akitazama juu, upande wa mkwaju. Mkwaju wenyewe ulikuwa umebaki kigogo, na kando ya kigogo alimwona mtu mrefu amesimama, mkono wa kushoto ameunyoosha kidogo.

"Amjad, twende."

"Wageni hawajamaliza, Bi Sahla."

"Watamaliza njiani. Yai halina miiba."

Amjad akaguna, akapiga makofi kuwaita. Wakapanda. Njia ilikuwa ya moto chini ya viatu, na Bi Sahla, aliyekuwa na magoti mabovu, alitangulia kuliko wote. Bwana Hesbon alikuwa wa mwisho. Alisimama mara kwa mara, akapangusa kipara, akasema angependa kuwangojea kule chini.

"Baba, hatujaja mpaka hapa kula mayai," akasema Lynn, akamvuta mkono.

"Hapa ni kwa Mzee wa Tepu," Amjad alieleza walipofika. "Huyu ni mwenyeji. Alipewa ncha ya tepu aishike siku shamba lilipopimwa, na mpaka leo anashika. Moto hauvuki alipo. Picha zinaruhusiwa. Kumgusa hakuruhusiwi."

Mzee Stambuli alikuwa na sanda yake, ameifunga kiunoni kama kikoi kwa ajili ya joto, na kofia ya kampuni juu ya kofia yake ya mshono. Alikuwa amekonda kidogo. Nyayo zake zilikuwa zimekauka na kupasuka kama udongo wa kiangazi.

"Asalamu alaikum, Baba Ilham," akasema Bi Sahla.

"Waalaikumu salaam, Mama Ilham. Mbona umenawiri? Ama mimi ndiye nimezoea kuona moshi."

"Usinitanie, nimetoka mbali." Akachutama akatoa makubadhi. "Inua mguu."

"Bi Sahla," akasema Amjad.

"Simgusi. Namvisha viatu."

Mzee aliinua mguu mmoja, kisha wa pili, mkono haukutikisika. Bi Sahla alimmiminia maji ya kisima miguuni kwanza, yakafuka mvuke, halafu akamvisha. Mtaliano na mkewe walivua kofia zao.

"Sasa achia, twende," Bi Sahla akasema. "Babako yuko kwa Ngumbao, amelala. Mashangazi wamelala. Wewe tu."

"Nawasikia wakikoroma. Nami natamani, Wallahi. Lakini si yangu, nitaiachiaje?"

"Mimi nakwambia achia."

"Nawe pia si yako."

Bi Sahla alisimama. Alikuwa amekuja na maneno mengi aliyoyapanga ndani ya gari, na yote yakawa yamekwisha. Ndipo alipomwona mumewe anatazama nyuma ya bega lake, uso umefunguka, kama alivyokuwa akifanya hodi ikipigwa nyumbani.

"Karibu, mgeni wetu," akasema Mzee Stambuli. "Umechelewa. Jogoo wako alikungoja mpaka mchuzi ukaganda."

Alikuwa akimwambia Bwana Hesbon.

Bwana Hesbon alitazama kushoto, akatazama kulia. "Ananiambia mimi?"

"Wewe, bwana. Amana yako hii. Haikupata maji wala haikuungua. Njoo uichukue nikapumzike."

"Mzee, umenifananisha."

"Na nani?"

Bwana Hesbon alishusha kofia usoni. Lynn akamgeukia. "Baba, kwani uliwahi kufanya kazi huku?"

"Nimefanya kazi kila mahali. Siwezi kukumbuka kila mzee aliyenishikia tepu."

Hewa ikawa nzito. Amjad akasema kwamba muda wa hapa unakaribia kwisha, na hakuna aliyejongea. Bi Sahla akamsogelea Bwana Hesbon, akasema naye kwa sauti ya chini, kama mtu anayemwomba jirani jembe.

"Bwana, sisi hatukudai kitu. Shamba limekwenda, tumenyamaza. Hata nikikutazama sikutazami kwa ubaya. Neno moja tu, mwambie achia. Akisikia kwako atalala. Useme, ukale samaki wako."

Bwana Hesbon alivua kofia. Hakuwa mtu mbaya wa kutisha. Alikuwa mzee mchovu, shati limemganda mgongoni, na macho yake yalikuwa kwenye yale makubadhi.

"Mama," alisema, "nikimwambia achia, nimekubali kwamba mimi ndiye nilimwambia ashike. Nikikubali hilo, wataniuliza nani alinituma, na kwa ruhusa ya nani. Nina mafao yangu ya uzeeni. Nina huyu msichana bado anasoma."

"Hapa nani atakuuliza? Ni sisi tu."

"Sisi tu ni wengi," akasema Bwana Hesbon.

"Baba," akasema Lynn.

"Nyamaza, Lynn."

Alifungua mkoba wake wa mgongoni, akatoa chupa ya maji baridi iliyokuwa haijafunguliwa, akamnyooshea maiti kwa mikono miwili, kama apewavyo mkubwa. Mzee Stambuli aliipokea kwa mkono wa kulia, akamshukuru, akamwambia asiwe na haraka, akishamaliza mambo yake atamkuta hapohapo. Bwana Hesbon aliitikia kwa kichwa, akavaa kofia, akaanza kuteremka peke yake. Aliteremka upesi kuliko alivyopanda. Lynn alibaki kitambo akimtazama Bi Sahla, kisha akamfuata babake.

"Basi tumekwisha," akasema Amjad. "Bi Sahla, twende. Nakuomba."

Bi Sahla hakwenda. Alitazama mkono wa mumewe, vile vidole vilivyowashinda waoshaji. Alitazama ng'ambo ya seng'enge, kivuli cha mikorosho ya Ngumbao, na vijilima vya udongo mpya vilivyopangwa vizuri, na nafasi moja iliyoachwa wazi katikati.

"Baba Ilham, mtu akifa na amana, inakwenda kwa nani?"

"Kwa warithi, mpaka mwenyewe apatikane."

"Mrithi wako nani?"

Mzee Stambuli alitazama juu. Kisha akasema, "Mama Ilham, jua ni kali hapa."

"Nakuuliza swali la dini, wewe wanijibu habari za jua."

"Ni wewe. Wewe na mtoto."

"Mtoto yuko kazini. Nipe."

"Utaiweza?"

"Nimekuweza wewe miaka yote hiyo, kiutepe kitanishinda?"

Mzee akacheka, cheko fupi lenye vumbi. Amjad alisogea ili azuie, akaona moto ule chini umeinua kichwa kidogo kwa kuwaza kwamba mstari unalegea, akarudi nyuma. Vidole vya Stambuli vikafunguka kimoja kimoja. Bi Sahla aliweka vyake chini ya vile, akaipokea tepu kabla haijaachwa, kama apokewavyo mtoto mchanga kutoka kwa mkunga. Tepu ilikuwa ya baridi. Moto ukateremsha kichwa.

Mzee Stambuli akajinyoosha kiuno. Alivua kofia ya kampuni, akaiweka juu ya jiwe, akabaki na yake. Hakumpa mkewe mkono wa kwaheri, maana mikono yake Bi Sahla ilikuwa na shughuli. Akamwambia tu, "Radhi zangu uko nazo," akainama chini ya seng'enge na makubadhi yake, akavuka. Ngumbao, aliyekuwa akipalilia, akapiga jembe chini akaenda kumpokea. Wakaamkiana kirefu, kama ada. Halafu mzee akalala katika ile nafasi ya katikati, akajigeuza ubavu wa kulia, akajivutia udongo mpaka mabegani, na Ngumbao akammalizia uliobaki.

Amjad aliupigia simu uongozi, akaeleza. Uongozi ukauliza kama tepu imeshikwa. Akasema imeshikwa. Wakasema basi hakuna tatizo.

"Bi Sahla," alisema Amjad, na sauti yake ya kazi ikawa imemtoka kabisa, "nitamwambia nini Ilham?"

"Mwambie babake amelala. Na aniletee mswala."

Gari liliondoka likiwa na nafasi moja tupu. Kambi alichelewa kutia gia, akitazama kwenye kioo, kisha akatia. Mtaliano na mkewe walimpungia mpaka wakapotea. Alasiri ilipoingia, Bi Sahla alitayamamu kwa vumbi la kigogo, akasali na tepu i kiganjani, na kwa mara ya kwanza tangu apate zile habari, alisoma sura moja mara moja tu.

Jumamosi iliyofuata Ilham alikuja. Aliingia kwa ziara kama watu wote, na kundi la wageni wapya. Alipita uwanja wa mawe meusi, akapewa yai lake na chumvi. Walipofika kwenye kigogo, Amjad alisema, akitazama chini, kwamba hapa ni kwa Mama wa Tepu, mwenyeji, na picha zinaruhusiwa. Hakutaja habari ya kumgusa.

Ilham akatandika mswala, akamlisha mamake wali kwa mkono wake, tonge baada ya tonge, na mgeni mmoja akapiga picha.

"Mama, nipe mimi kidogo. Ukae."

"Weye una kazi."

"Nitaomba ruhusa."

"Ruhusa ya siku ngapi? Huyo bwana hajasema lini yuwaja." Bi Sahla akameza, akamtazama binti yake usoni, akamfuta punje ya wali kidoleni kwa mkono wa kulia. "Zamu yako ipo, mwanangu, wala haikimbii. Shughulikia kwanza mambo yako. Uolewe, uzae."

"Nizae ili iweje?"

Ng'ambo ya seng'enge mtu alikuwa akikoroma, taratibu, bila kukatika, na wote wawili wakasikiliza.

"Wageni wangu," Amjad aliita, "muda wetu wa hapa umekwisha."

Ilham akakunja kitambaa cha chakula, akamwekea mamake chupa ya maji mahali pa kufikika, akateremka na wenziwe. Garini akakaa nyuma, akafunga mkanda. Mkono wake wa kushoto aliuweka juu ya paja, kiganja wazi, na mpaka Kakuyuni hakushika nao kitu.